Maisha ya mchezo wa mtoto yanalala wapi ndani ya kompyuta?



Juma hili ninajibu ulizo la mama mmoja wa Panzi. Anasema hivi: « Mwalimu, binti yangu wa miaka 13 anacheza Les Sims ndani ya kompyuta ya nyumbani. Tangu mwezi wa tisa amejenga nyumba, ameweka familia, watoto wamezaliwa na kukua. Siku ya posho mjomba wake alisafisha kompyuta ili ipate nafasi. Sasa mchezo unafunguka, lakini ile familia haipo. Binti amelia siku mbili. Je, kile kitu kinaweza kurudi? Na je, ni jambo la kulilia? »

Maulizo ni mawili, nami nitaanza na lile la mwisho. Mama asipoelewa kwa nini mtoto analia, hatakuwa na bidii ya kumsaidia kutafuta.

JE, NI JAMBO LA KULILIA?

Wengi wetu tunalisikia jina la Les Sims lakini hatujaketi kuutazama mchezo wenyewe. Si mchezo wa bunduki wala wa mpira. Mchezaji anaumba watu, anawapa sura, majina na tabia, anawajengea nyumba, kisha anawaongoza katika maisha ya kila siku: kupika, kuoga, kulala, kwenda kazini, kuoa, kuzaa, kuzeeka, hata kufa. Wana franga zao zinazoitwa simoleoni. Fakture zinaletwa nyumbani, na asiyelipa kwa wakati anakatiwa umeme na maji. Mtu asiyejua kupika vizuri anaweza kuunguza jiko, moto ukashika nyumba. Mtoto mchanga asipotunzwa, anachukuliwa na watu wa serikali. Kwa ufupi, yale yanayotuumiza kichwa sisi wamama kila asubuhi, binti anayakuta mle ndani.

Wazo la mchezo huu lilizaliwa katika msiba. Mtungaji wake, Mmarekani Will Wright, alipoteza nyumba yake katika moto mkubwa ulioteketeza vilima vya Oakland, California, mwezi wa Oktoba 1991. Watu 25 walikufa katika moto ule. Ilimpasa kuanza upya, kutafuta kitu kimoja kimoja cha nyumbani, na kazi hiyo ilimfanya afikiri sana juu ya vitu ambavyo mtu anavihitaji ili aishi. Mchezo ulitoka tarehe 4 Februari 2000. Ulipendwa duniani kote, na wachezaji wake wengi ni wanawake na wasichana.

Sisi wa Bukavu hatuhitaji kufundishwa maana ya kuanza upya. Tunajua nyumba za mbao zilizobanana zinavyowaka, na majirani wanavyokimbia na ndoo. Tunakumbuka tetemeko la tarehe 3 Februari 2008. Mtu aliyepoteza nyumba hulia kwa ajili ya kuta, halafu hulia tena kwa ajili ya vitu vidogo: picha ya harusi, bulteni ya mtoto, karatasi za parsele. Vitu vidogo vile ndivyo vinavyobeba siku alizoishi.

Basi binti wa Panzi analilia siku zake. Alifikiri, alichagua, alihesabu, alisoma maagizo kwa Kifaransa bila kusukumwa na mtu. Ingekuwa amefuma kitambaa cha meza miezi yote hiyo, na mtu akakichukua kusugulia sakafu, hakuna mama ambaye angeuliza kama ni jambo la kulilia. Tofauti ni kwamba kitambaa tunakiona, lakini kazi ya ndani ya kompyuta hatuioni. Asiyeona kitu hukifuta bila uchungu. Mjomba hakuwa mbaya. Alitaka nafasi, akaona jina ambalo halimhusu, akafuta.

Kumbe hapo ndipo somo letu la leo lilipo. Kila kitu kinachohifadhiwa ndani ya kompyuta kina mahali pake, na mama mwenye nyumba anapaswa kupajua.

MCHEZO NI KITU KIMOJA, MAISHA YA MCHEZO NI KITU KINGINE

Fikiri cherehani na gauni. Cherehani ikiharibika, gauni lililokwisha kushonwa bado liko kabatini. Na gauni likiibiwa, cherehani bado inafanya kazi. Ndivyo ilivyo hapa. Kuna mchezo wenyewe, yaani programu iliyowekwa ndani ya kompyuta. Hiyo ndiyo cherehani, na inakula nafasi kubwa sana. Halafu kuna faili zinazokumbuka nini kilifanyika: familia ipi, nyumba ipi, nani amezaa, nani ana deni. Hizo ni gauni. Kwa kawaida ni ndogo, na zinakaa mahali pengine kabisa.

Ndiyo maana kwa mama wa Panzi mchezo unafunguka lakini familia haipo: cherehani imebaki, kabati la nguo limeondolewa. Mchezo ukikosa kabati lake, haulalamiki. Unajitengenezea jingine, tupu, na kuanza kama siku ya kwanza.

Ninaomba tusikimbilie kuondoa mchezo na kuuweka upya. Hiyo haitarudisha familia. Tena mchezo wa sasa, The Sims 4, uliotoka mwaka 2014, sehemu yake ya msingi ni bure tangu Oktoba 2022, lakini kuupakua kunakula mega nyingi mno, na mega za hapa kwetu tunajua zinavyokwisha. Na kuna jambo baya zaidi: kila kitu kipya unachoweka ndani ya kompyuta kinaweza kukaa juu ya alama za kile kilichofutwa, na hapo hata fundi hatakipata tena.

KABATI LENYEWE LIKO WAPI?

Kompyuta nyingi za Bukavu zinasema Kifaransa, kwa hiyo nitataja majina kama yanavyoonekana kwenye ekrani. Keti na mtoto, yeye ashike kipanya, wewe usome.

Fungua dosiye ya « Documents ». Ndani yake tafuta « Electronic Arts », hilo ni jina la kampuni inayouza mchezo. Ingia. Utakuta « Les Sims 4 ». Kama mchezo uliwekwa kwa Kiingereza, utaona « The Sims 4 ». Ingia tena. Sasa uko mbele ya kabati, na droo zake ni hizi:

« saves » ni droo ya maisha. Hapo kila maisha yaliyohifadhiwa yana faili lake, lenye jina linaloanza na « Slot_ », kisha safu ya tarakimu, na mwisho « .save ».

« Tray » ni droo ya familia na nyumba ambazo mtoto aliziweka katika « bibliothèque » ya mchezo.

« Mods » ni droo ya vitu vya kuongezea, nguo, nywele, samani, ambavyo watu wengine wametengeneza.

Kama mtoto anacheza The Sims 3, wa mwaka 2009, njia ni ileile ya « Documents » na « Electronic Arts », halafu « Les Sims 3 » na « Saves ». Humo kila maisha ni dosiye nzima, yenye jina alilolichagua mtoto na mwisho « .sims3 ». Kwa The Sims 2, wa mwaka 2004, tafuta « EA Games » ndani ya « Documents », kisha « Les Sims 2 »; mitaa na familia zake ziko katika « Neighborhoods », na ni heri kunakili dosiye nzima kuliko kuchomoa kipande. Lakini mchezo wa kwanza kabisa, ule wa mwaka 2000, ulihifadhi maisha ndani ya dosiye ya mchezo wenyewe, katika « UserData ». Huo mtu asiuondoe kabla ya kunakili « UserData » mahali pengine.

NJIA YA KUTAFUTA KILICHOPOTEA

Mama wa Panzi, fuata mpangilio huu, bila haraka.

Kwanza, uliza: mtoto anafungua kompyuta kwa jina la nani? Kompyuta moja inaweza kuwa na « session » ya baba, ya kaka, na ya mgeni. Kila session ina « Documents » yake. Mara nyingi kitu hakikupotea. Binti ameingia kwa mlango wa mtu mwingine. Fungueni session zote mtazame.

Pili, fungua « Corbeille », lile pipa la takataka kwenye ekrani. Kilichofutwa kwa njia ya kawaida kinaangukia humo na kungoja. Ukiona « Electronic Arts », « Les Sims 4 » au « saves », bonyeza kitufe cha kulia cha kipanya na uchague « Restaurer ». Kitarudi palepale kilipotoka. Lakini kabla ya kufanya hivyo, nenda kwenye « Documents » ukaangalie kama mchezo umekwisha kujitengenezea kabati jipya tupu. Kama lipo, libadilishe jina, liite kwa mfano « Sims tupu », ili makabati mawili yasigongane.

Tatu, tumia sehemu ya kutafutia, « Rechercher », iliyo juu ya dirisha la dosiye. Andika « .save » na uiache kompyuta itafute kila mahali. Huenda mjomba hakufuta, alihamisha tu kwenda kwenye diski nyingine au kwenye flashi.

Nne, muulizeni mjomba mwenyewe, kwa heshima na kwa upole. Mtu anayeulizwa kama mshitakiwa atasema « sijui ». Mtu anayeulizwa kama msaidizi atakumbuka alipobonyeza.

Tano, kama pipa limemwagwa na hamjaona kitu, zimeni kompyuta. Msiweke mchezo mpya, filamu wala muziki. Pelekeni kwa fundi na mumwambie neno hili kamili: « Tunatafuta faili zilizofutwa, usiweke Windows upya. » Kuna programu za kurudisha vilivyofutwa, na zinafaulu zaidi kama hakuna kilichoandikwa juu yake. Ni bora mkubaliane bei kabla hajaanza, na mseme wazi kwamba mtalipa nini kama hakupata kitu.

UMEME UKIKATIKA KATIKATI

Hii inahusu kila nyumba. Kompyuta nyingi ni za mtumba, batri zake zimechoka, na umeme ukienda inazimika papo hapo. Kama ilikuwa katikati ya kuandika faili, faili lile linaweza kuharibika. Kesho mtoto anabonyeza, mchezo unakataa kufungua.

Wale waliotengeneza mchezo walifikiria hilo. Katika The Sims 4, ndani ya « saves », kando ya kila faili la maisha kuna nakala za zamani zinazoishia na « .ver0 », « .ver1 », hadi « .ver4 ». Yaani mchezo unaweka hatua tano za nyuma, na « .ver0 » ndiyo ya karibuni kuliko zote. Kwenye ukurasa wa kupakia maisha kuna kitufe cha kurudisha hatua ya nyuma. Mtoto achague maisha yake, abonyeze kitufe hicho, kisha achague siku anayoitaka. Atapoteza jioni moja, hatapoteza miezi yote. Katika The Sims 3 tazama dosiye yenye jina la maisha na mwisho « .backup », ikiwa ile ya kawaida imeharibika, ihamishe kando, kisha futa neno «.backup » kwenye jina la nakala.

Lakini kurudisha hatua ya nyuma ni dawa. Kinga ni bora. Mfundishe mtoto mambo matatu. Ahifadhi kila baada ya tukio kubwa, asingoje mwisho wa mchezo. Asihifadhi juu ya faili moja tu siku zote. Mara kwa mara achague « Enregistrer sous » na aandike jina jipya lenye tarehe, kwa mfano « Familia 12 Machi ». Na akimaliza, atoke mchezoni kwa utaratibu kabla ya kuzima kompyuta.

Tena kuna akiba ya pili ambayo watoto wengi hawaijui. Mchezaji anaweza kuweka familia yake na nyumba yake katika « bibliothèque » ya mchezo. Vinaenda kulala katika « Tray ». Hata kama maisha yote yamepotea, anaweza kuichukua familia ile na kuipanga katika maisha mapya. Watakuja na sura zao na nyumba yao, ingawa urafiki wao na majirani wa zamani hautakuja nao. Anayehama mtaa anajua hali hiyo.

NAKALA MBILI, NYUMBA MBILI

Wamama wa AVEC, hapa ninyi ndio walimu. Sanduku la akiba ya kikundi lina kufuli tatu, na funguo zake zinashikwa na wamama watatu tofauti. Kwa nini? Si kwa sababu tunamshuku mmoja. Ni kwa sababu mmoja anaweza kuugua, kusafiri, kuibiwa, au nyumba yake kuungua. Faili nazo zinataka akili hiyohiyo.

Nunueni flashi moja ndogo. Faili za maisha ni ndogo, flashi ya giga 8 inatosha kabisa. Mara moja kwa juma, mtoto afunge mchezo, afungue « Electronic Arts », abonyeze dosiye ya « Les Sims 4 » kwa kitufe cha kulia, achague « Copier », afungue flashi, kisha « Coller ». Kama « Mods » imejaa na nafasi haitoshi, anakili angalau « saves » na « Tray ». Dosiye iliyo kwenye flashi aipe jina lenye tarehe. Nakala ya juma lililopita asiifute mpaka mpya ifunguke salama.

Kisha flashi isilale kando ya kompyuta. Mwizi akibeba kompyuta ataibeba na flashi. Moto ukiingia hautachagua. Iweke kwa bibi, kwa dada yako, au kwa mama jirani unayemwamini.

Nina maonyo mawili. Kabla ya kuchomoa flashi, bonyezeni « Éjecter » na kungoja kompyuta iseme sawa. Na flashi ya nyumbani isitembee ovyo katika siberi na sekretaria za mji, maana huko inaokota virusi. Kuna kirusi kinachoficha dosiye zenu na kuacha « raccourci » mahali pake. Mkiona hivyo msiifute flashi kwa hofu, mara nyingi vitu bado viko ndani. Mpelekeeni mtu anayejua.

KUSAFISHA BILA KUUMIZA

Mjomba alikuwa na haki katika jambo moja: kompyuta iliyojaa inakwenda polepole, nayo inahitaji kusafishwa. Lakini tusafishe kama mama anavyosafisha kabati, akiuliza kila nguo ni ya nani.

Faili za maisha hazistahili kuwa za kwanza kufutwa, kwa sababu zinachukua nafasi kidogo. Tazameni kwanza « Téléchargements », maana humo kuna filamu zilizotazamwa, nyimbo zilizorudiwa mara mbili, picha za WhatsApp zilizonakiliwa kutoka simuni. Kisha mtoto mwenyewe afungue orodha ya maisha ndani ya mchezo na afute yale asiyoyataka tena. Atatambua mwenyewe. Na kama « Mods » ni nzito, achambue nguo na nywele asizozitumia.

Pale watoto watatu wanapogawana kompyuta moja, ugomvi mwingi hutoka katika kuhifadhi juu ya maisha ya mwingine. Kila mmoja awe na session yake, au angalau aandike jina lake mwanzoni mwa kila maisha. Halafu wekeni sheria ya nyumbani, iandikwe na kubandikwa ukutani: hakuna anayefuta kitu ambacho hakukitengeneza, bila kumuuliza mwenyewe. Sheria hiyo iwashike wakubwa pia. Kaka wa miaka 20 anayefuta kazi ya dada yake wa miaka 13 ili apate nafasi ya filamu, anamfundisha kwamba kazi ya msichana ni ya kuondolewa wakati wowote mwanaume anapotaka nafasi. Hilo ni somo baya, na tunalipigania mahali pengine kila siku.

Saa za mchezo zibaki zile mlizokubaliana. Kumsaidia mtoto kulinda kazi yake si kumpa ruhusa ya kukesha. Kwanza masomo, kuteka maji na kuosha vyombo, kisha mchezo. Lakini muda wake ukifika, ni wake.

KUTOKA MCHEZONI HADI DAFTARI LA KIKUNDI

Labda kuna mama anayesema: « Mimi sina mchezo nyumbani, hii hainihusu. » Subiri kidogo, mama.

Siku hizi vikundi vyetu vingi vinaandika michango ndani ya kompyuta ya kijana fulani, mtoto wa mweka hazina. Ukiuliza faili la likelemba liko wapi, jibu ni « anajua kijana ». Na kijana akienda Goma au Uvira kutafuta kazi? Wanafunzi wa ISP na vyuo vingine hapa mjini wanaandika kazi zao za mwisho wa masomo mwaka mzima, zote ndani ya flashi moja inayoning'inia shingoni. Cheti cha kuzaliwa, kadi ya mchaguzi, bulteni, karatasi za parsele, tunazipiga picha kwa simu, na simu ikiibiwa sokoni Kadutu, kila kitu kimekwenda.

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Nami ninaongeza kwamba daftari lenyewe nalo linahitaji mahali panapojulikana, na nakala nyumba ya pili.

Yote niliyoyaeleza juu ya mchezo yanafaa hapa neno kwa neno. Jua dosiye iko wapi, uweze kuifikia bila kumwita mtu. Weka tarehe katika jina. Tunza hatua ya nyuma. Nakala moja ilale mbali. Hakuna anayefuta bila kuuliza. Faida ya kuanza na mchezo ni kwamba mtoto anaujua kuliko wewe, naye atafurahi kukufundisha. Na mkikosea katika mazoezi, franga za kikundi haziguswi.

KAZI YA JUMA HILI

Kila mama mwenye kompyuta au anayeweza kuifikia, aketi na mtoto kwa nusu saa. Mwombe akuonyeshe kitu kimoja alichokitengeneza, iwe ni mchezo, picha au zoezi la shule. Muulize maulizo matatu: Hiki kinaitwaje? Kinalala wapi? Nakala yake iko kwa nani? Akikosa jibu la tatu, tafuteni flashi.

Kisha, kwenye mkutano wa kikundi, mama mweka hazina aulizwe maulizo hayohayo matatu mbele ya wote, si kwa kumshuku, ila kwa kumsaidia abebe mzigo pamoja na wengine. Jibu liandikwe katika daftari la karatasi.

Na wewe mama wa Panzi, anza na session, kisha pipa, kisha kutafuta. Ukiipata ile familia, tuandikie utuambie. Usipoipata, keti karibu na binti wakati anaanza nyumba mpya, umuulize mlango ataweka upande gani. Mara hii mhifadhi pamoja.

Tukutane juma lijalo, wamama. Muwe na amani nyumbani.